Mnauliza, Najibu: Rubani Yupo, Ndege Haipai

Barua za mwezi huu nyingi zimehusu ndege, nami nimezipokea kwa furaha, maana kabla ya kurudi nyumbani Kisumu kazi yangu ilikuwa kupanga zamu za marubani jijini Nairobi. Nimechagua nne. Ya tatu nimeipa nafasi kubwa kwa sababu kuna shamba la watu linalosubiri jibu.

SWALI: Nilikuwa narudi Kisumu kwa ndege ya jioni na mama yangu, ambaye alikuwa ametoka kufanyiwa upasuaji wa jicho. Tuliambiwa tungoje kidogo, tukaambiwa tena, na saa tatu usiku ndege ikafutwa "kwa kukosa rubani". Nami nawaona kwa macho yangu marubani watatu wameketi karibu na mlango, sare zimenyooka, wanakunywa kahawa. Kwa nini tunadanganywa mchana kweupe? *Msafiri, Mamboleo, Kisumu*

JIBU: Dada, pole sana, na mama umfikishie pole zangu. Kukesha kwenye viti vya chuma na bandeji jichoni si jambo la kumtakia mtu.

Lakini yule wa kaunta hakukudanganya. Rubani haingii kwenye ndege yoyote anayoiona mbele yake. Kila aina ya ndege kubwa ina mafunzo yake na mtihani wake, na aina hiyo huandikwa kwenye leseni. Aliyefuzu Embraer 190 hawezi kuondoka na Dash 8, hata zikiwa zimeegeshwa ubavu kwa ubavu. Tena ndege hizo zinataka watu wawili mbele, kapteni na rubani msaidizi. Wasaidizi watatu bila kapteni hawaendi popote. Na hata kama wale walikuwa wa ndege yako hasa, huenda saa zao zilikuwa zimekwisha.

Hapo kwenye saa ndipo penye shida yenyewe. Ulaya na Marekani, rubani haruhusiwi kuruka zaidi ya saa 100 katika siku 28. Kuna pia kikomo cha siku. Kwa sheria za Ulaya, zamu ya marubani wawili kwa kawaida haivuki saa 13, na kuanzia safari ya tatu ya siku hiyo, kila safari inayoongezwa inakata nusu saa. Sasa mfikirie rubani wa njia zetu fupi: Nairobi hadi Kisumu, geuza; Nairobi hadi Mombasa, geuza; Eldoret, geuza. Zamu yake huanza kuhesabiwa tangu aliporipoti kazini, wala haisimami abiria wanapotafuta viti. Ikija ile mvua yetu ya alasiri, ndege ikazungushwa juu ya Ziwa ikisubiri wingu lipite, dakika arobaini zimekwenda na hakuna wa kuzirudisha. Kufika jioni mtu amebakiwa na saa moja, na safari ya Kisumu, ukijumlisha kupakia na kushusha, inataka zaidi ya hapo. Kapteni anaweza kujiongezea muda kidogo kwa hiari yake, lakini hakuna wa kumlazimisha. Mimi sikuwahi kumnunia kapteni aliyeniambia amechoka. Nilimshukuru.

Shirika lenye watu wa kutosha huwa na marubani wa akiba, wako nyumbani na simu mkononi, sare imepigwa pasi. Upungufu ukiingia, akiba ndiyo ya kwanza kuliwa, na abiria wa ndege ya mwisho ndiye huona matokeo. Mambo haya hayako kwetu tu. Mwaka 2017 Ryanair ya Ulaya ilifuta takriban safari 2,000 baada ya kuvuruga ratiba ya likizo za marubani wake. Desemba 2025, IndiGo ya India ilifuta maelfu ya safari ndani ya siku chache, kwa kuwa sheria mpya za mapumziko ya marubani ziliikuta haina watu wa kutosha kujaza zamu.

Wakati mwingine mambo hugeuka: rubani yupo, ndege ndiyo haipo. Mwaka 2025 Kenya Airways ilikuwa na Dreamliner, zile ndege zake kubwa za safari za mbali, zilizokaa chini kwa kukosa vipuri na injini. Kwa hiyo si kila kuchelewa ni kwa ajili ya rubani.

Linaloniuma katika barua yako ni ile saa tatu usiku. Mpangaji zamu huanza kuuona upungufu huo saa kumi jioni, akitazama tu karatasi yake. Mgeni mwenye jicho bichi angeambiwa mapema angetafuta mahali pa kulala kabla ya giza. Mashirika yetu yana wajibu huo na mengi hayautimizi. Safari nyingine ya hospitali, chukua ndege ya asubuhi: marubani huwa na saa zao zote, na ikikwama kuna nyingine nyuma yake.

SWALI: Nimesoma kwamba kuna miji Marekani iliyopoteza ndege kabisa kwa sababu ya marubani kuwa haba. Sisi wa huku magharibi tuko salama? *Mfanyabiashara, Eldoret*

JIBU: Ni kweli ilitokea. Mwaka 2022 American Airlines iliondoka Toledo, Ithaca na Islip, na shirika la SkyWest lilitangaza linataka kuacha kuhudumia miji midogo 29. Hesabu yake ni hii. Dreamliner ya Kenya Airways ina viti 234, Dash 8 ya Jambojet ina 78, na kwenye safari fupi kila moja inaongozwa na watu wawili. Ukiwa na marubani wachache, unawapeleka penye viti vingi. Isitoshe, shirika kubwa likikosa watu huwachukua wa shirika dogo, nalo dogo halina wa kumnyang'anya. Marubani wetu nao hupanda hivyo hivyo, kutoka ndege ndogo za uwanja wa Wilson, Nairobi, hadi mashirika ya ndani, kisha Kenya Airways, kisha nchi za Ghuba, ambako mshahara hulipwa kwa pesa isiyoyumba.

Kisumu na Eldoret zina abiria wengi, sioni zikiachwa. Kinachowezekana ni safari za siku kupunguzwa, na viti vikipungua nauli inapanda. Ninaoogopea ni watu wa Kakamega na Kitale, ambako huduma ni nyembamba tangu mwanzo.

SWALI: Mimi ni mwalimu mstaafu. Kijana wangu wa mwisho amemaliza shule na alama nzuri, na moyo wake wote uko kwenye urubani. Amenionyesha kwenye simu kwamba dunia ina upungufu mkubwa wa marubani na kwamba hawezi kukosa kazi. Anataka niuze shamba la miwa nimlipie chuo Wilson. Mama yake amekataa katakata, na sasa nyumbani hatuongei vizuri. Nishauri. *Mzazi, Butere*

JIBU: Mwalimu, shikamoo. Nimeisoma barua yako mara kadhaa, maana baba wengi wako mahali ulipo na hawaandiki.

Alichokuonyesha kijana ni cha kweli. Boeing, katika makadirio yake ya 2024, ilisema dunia itahitaji marubani wapya 674,000 kwa miaka ishirini. Kumbuka tu kwamba anayesema hivyo ni muuza ndege. Lakini swali la kujiuliza ni hili: wanaotakiwa ni marubani gani?

Nikiwa ofisini, droo yangu ya chini ilikuwa imejaa bahasha za vijana. Leseni mpya, picha ya pasipoti yenye tai, barua ya mchungaji au ya chifu, na mahali pa saa za kuruka wameandika 200 na ushei. Wengine walizileta kwa mikono yao, wakasimama mlangoni wakiniangalia kama naweza kuwaita siku hiyo hiyo. Na juu ya meza hiyo hiyo, kila Ijumaa, nilikuwa nikipiga simu huku na huku natafuta kapteni mmoja wa Jumapili. Vijana walijaa droo, kapteni hapatikani. Upungufu unaousikia ni huo wa juu ya meza. Kijana wako atatoka chuoni akiwa wa kwenye droo.

Leseni ya rubani wa biashara, ile ya kuruka kwa malipo, hupatikana kwa saa 200 hivi za kuruka. Leseni ya juu, ile ya kuwa kapteni wa ndege ya abiria, inataka saa 1,500. Katikati hapo pana bonde, na ndimo wanamokwama vijana wetu. Wanaovuka huvuka kwa kufundisha wenzao kuruka, kwa kubeba watalii wa Maasai Mara, kwa kupeleka miraa Somalia alfajiri. Kazi hizo ni chache na hugombaniwa. Wengine hukaa chini miaka, na leseni isiyotumika ina gharama: vipimo vya daktari, mitihani ya kuihuisha, saa za kuruka za kulipia mwenyewe.

Tazama pia upungufu huo ulivyoundwa. Februari 2009 ndege ya Colgan Air ilianguka karibu na Buffalo, New York, wakafa watu 50. Familia za marehemu zilipigania usalama hadi sheria ikabadilishwa, na tangu 2013 hata rubani msaidizi wa ndege za abiria Marekani kwa kawaida anatakiwa awe na saa 1,500. Mimi nawaheshimu wazazi wale, ingawa njia ya vijana ilirefuka. Korona ikaja 2020, mashirika yakawalipa marubani wazoefu wastaafu mapema. Abiria waliporudi, wazee hawakuwepo, na vijana hawakuwa wameiva. Ndiyo ile 2022 ya kelele za upungufu wa marubani. Kufikia 2024 mashirika mengi ya huko yalikuwa yamepunguza kuajiri, na Spirit Airlines iliwasimamisha kazi baadhi ya marubani wake. Kwa hiyo aliyeingia chuo kwa kelele za 2022 alitoka akakuta mlango umerudishwa. Na hata ukiwa wazi, kwa kijana wa Butere kuna kibali cha kufanya kazi na kuibadilisha leseni kabla hajaugusa.

Wenye nguvu wanataka kuwarefushia wazee muda. Kikomo cha kimataifa cha ndege za abiria zenye marubani wawili ni miaka 65, na mwaka 2025 muungano wa mashirika ya ndege, IATA, uliomba kiwe 67. Kikomo kimebaki 65, lakini ombi hilo litarudi, na kila mwaka unaoongezwa juu unachelewesha nafasi chini.

Sasa ushauri wangu. Shamba lote lisiuzwe kwa mkupuo mmoja. Katika hili mama yuko sawa, naomba umwambie hivyo. Lakini kijana asiambiwe hapana. Mpeleke kwanza kwa daktari aliyeidhinishwa na KCAA, mamlaka ya usafiri wa anga ya Kenya, apate cheti cha afya cha daraja la kwanza. Wapo waliolipa ada ya chuo, kisha moyo au masikio yakawarudisha nyumbani. Akipita, mlipie leseni ya rubani binafsi peke yake, ile ya mwanzo ya saa 40 hivi. Kwa hiyo mtajua kama mkono wake unaifaa kazi, na hasara, ikiwepo, itakuwa ya kubebeka. Chuo kikikudai ada yote ya miaka siku ya kwanza, toka. Uliza chuo kina ndege ngapi zinazoruka leo, si zilizoegeshwa kwenye majani, kwa sababu mwanafunzi anayengoja ndege itoke kwenye matengenezo huendelea kulipa nyumba Nairobi.

Wakati huo huo ajaribu Jeshi la Wanahewa likitangaza nafasi za makadeti, serikali humfundisha. Aangalie pia chuo cha Ethiopian Airlines Addis Ababa. Na kuna kazi za anga zisizodai shamba: ufundi wa ndege, uongozaji wa ndege, upangaji wa safari. Nyingi hufundishwa East African School of Aviation, Embakasi. Fundi mwenye leseni hugombaniwa na mashirika ya Ghuba vilevile, na nimemjua zaidi ya mmoja aliyejilipia urubani kwa mshahara wa ufundi. Njia hiyo ni ndefu, Mwalimu, lakini ekari zinabaki na jina lako.

Wewe na mama mkae na kijana mezani, hesabu ikiwa kwenye karatasi, tena mumuulize yeye: ukimaliza na saa 200, mwezi unaofuata utaamkia wapi? Akiwa na jibu, ataje ni nani atamwajiri na kwa kazi gani, msaidieni. Akisema "dunia ina upungufu", mpeni muda akatafute jibu.

SWALI: Niko Kidato cha Tatu hapa Nakuru. Nataka kuwa rubani lakini navaa miwani, na jirani yetu amesema hiyo kazi ni ya wavulana. *Msichana, Nakuru*

JIBU: Mwanangu, Mkenya Irene Koki Mutungi alikuwa mwanamke wa kwanza Afrika kuwa kapteni wa Dreamliner. Jirani mfikishie hilo kwa heshima.

Miwani haikuzuii. Kipimo cha kusoma herufi ukutani ni kila jicho lione 6/9 au zaidi (yaani lisome kwa mita sita kile ambacho jicho zima husoma kwa mita tisa) na yote mawili pamoja 6/6, hata kama ni kwa miwani. Utatakiwa pia kuwa na miwani ya pili karibu nawe kila unaporuka. Kaza hesabu, fizikia na Kiingereza cha kuongea, kwani mawasiliano ya redio yana mtihani wake. Leseni ya rubani binafsi hutolewa kuanzia miaka 17 na ya biashara 18, kwa hiyo hujachelewa hata kidogo. Jibu la yule baba wa Butere lisome pia na wazazi wako, hasa pale pa daktari, na siku ya kipimo nenda na miwani yako yote miwili.