Kiwiko kimeteguka au kimetenguka?

Swali: Mwalimu, salamu. Nafanya kazi ya kumbukumbu za wagonjwa katika zahanati moja huku Kayole. Wagonjwa hunieleza kwa Kiswahili, nami hujaza fomu utambuzi wa daktari pamoja na "kodi" yake. Mtu akianguka akaumia kiwiko, niandike ameteguka, ametenguka, au ameshtuka mkono? Na hiyo "kodi", je, ni Kiswahili?

Jibu: Dada yangu, naanza na la mwisho kwa kuwa ni fupi. Kodi ni ile ya nyumba na ile ya serikali. Mgonjwa akisikia unatafuta kodi ya kiwiko chake, atadhani anadaiwa. Neno ni msimbo, yaani herufi na tarakimu zinazosimama badala ya jina la ugonjwa, wingi wake misimbo.

Sasa kiwiko. Teguka na tenguka zinapishana kwa n moja tu, na mitaani watu huzitumia kama pacha. Hata kamusi huzikutanisha. Lakini tazama mizizi yake. Kutega ni kukaza kitu kikae tayari: mtego hutegwa, kitendawili hutegwa. Kutegua ni kukifungua kilichokazwa, ndiyo maana tunasikia habari za bomu lililoteguliwa. Kutenga ni kuweka kitu mahali pake, na kutengua ni kukiondoa hapo kilipowekwa. Kwa hiyo mimi huandika kiwiko kimeteguka pale kano zilizokazwa, yaani nyuzi ngumu zinazofunga mfupa kwa mfupa, zinapovutika kupita kiasi huku mifupa ikibaki mahali pake, na kimetenguka pale mfupa unapohama. Ningependa sana fomu zetu zishike tofauti hii, maana n hiyo moja inabadilisha msimbo.

Katika uainishaji wa magonjwa wa Shirika la Afya Duniani, toleo la 10, kundi S53 ndilo la viungo na kano za kiwiko. S53.4 ni kuteguka. S53.1 ni kutenguka kwa kiwiko. Kano ikikatika kabisa kuna S53.2 na S53.3, kutegemea ni ya upande gani wa kiwiko. Mfupa ukivunjika unatoka kundini kabisa. Wamarekani katika toleo lao wameongeza tarakimu za upande: S53.401 kiwiko cha kulia, S53.402 cha kushoto, kisha herufi A mwishoni mgonjwa akiwa bado katika matibabu yenyewe. Toleo la 11 lilianza kutumika Januari 2022 na misimbo yake ina sura nyingine, lakini sikio lako litafanya kazi ileile.

Nasema sikio kwa sababu mgonjwa hana wajibu wa kujua haya. Niliwahi kukaa foleni karibu na mama aliyempakata mtoto wa miaka kama miwili. Alikuwa amemvuta mkono ili wawahi kupanda matatu. Mtoto aliuacha mkono wa kulia ulale tu tumboni, na alipopewa mandazi akaipokea kwa wa kushoto. Mama alimwambia karani, "Ameteguka," na karani akaandika hivyo hivyo. Kwa lugha ya nyumbani mama hakukosea. Lakini mtoto mdogo akivutwa mkono hivyo, mara nyingi kichwa cha mfupa mmoja wa kigasha (sehemu ya mkono kati ya kiwiko na kiganja) huponyoka kidogo kwenye kano inayokizunguka, na hilo huhesabiwa pamoja na kutenguka, katika S53.0. Karani angeuliza swali moja tu, "Ilikuwaje?", daktari angepata habari yenye thamani kuliko kitenzi chochote.

Kushtuka mkono ni Kiswahili safi, nami nakipenda. Tatizo lake ni upana: watu husema mshipa umeshtuka, na mshipa huo waweza kuwa wa damu, wa fahamu, au kano. Neno kano nalo hubeba mawili, ile inayounganisha mfupa na mfupa na ile inayounganisha msuli na mfupa. Ya kwanza ikiumia kwenye kiwiko uko S53. Ya pili, pamoja na misuli ya kigasha, uko S56. Hapa usione haya kuandika maneno matano badala ya moja.

Angalia pia upande. Wazee wengine watakuambia mkono wa kuume, yaani wa kulia, au mkono wa kike, yaani wa kushoto. Mwombe mgonjwa akuonyeshe.

Na kitenzi kiwe cha kutendeka. "Ametegua kiwiko" humwacha msomaji akijiuliza ni kiwiko cha nani. "Ameteguka kiwiko" na "kiwiko chake kimeteguka" zote ni sawa.

Kwenye fomu, tenga kauli ya mgonjwa na uamuzi wa daktari, kwani msimbo hufuata ule wa daktari. Ningeandika hivi:

Mgonjwa anasema: "Niliteleza kwenye ngazi, nikaangukia mkono, mkono umetoka."
Daktari: Kiwiko cha kulia kimeteguka. Hakikutenguka, hakuna mfupa uliovunjika. S53.4.