Usizitupe Picha za "Hakuna Kitu"

Wiki iliyopita dada mmoja aliniandikia. Amekuta boksi la negativu, yaani vile vipande vya mkanda wa kamera vinavyotolewa picha, za picha alizopiga utotoni, "hakuna kitu humo, ni watu wanafua nguo tu." Anauliza atupe? Dada yangu, nakuomba usitupe.

Mimi nilipewa kamera nikiwa na miaka 10. Mkanda ulikuwa wa picha 36, na kuusafisha kulitaka hela za wakubwa. Picha ziliporudi, kaka yangu alizipanga mezani mbele ya wageni, akawa anauliza moja moja: "Na hii ya nini?" Dada akirudishia mnyororo wa baiskeli. Miguu ya baba chini ya meza. Mama anachana nywele, kafumba jicho moja kwa sababu ya jua. Walicheka sana. Kamera ikafungiwa kabatini, ikawa inatoka siku za sherehe tu. Kicheko kile kinaniuma hadi leo.

Mwezi huu nimemaliza kuuskani mkanda ule. Nimeikuza picha ya mama: nyuma yake mlango uko wazi, na kwenye fremu kuna mistari ya penseli tuliyokuwa tukipimiana urefu. Ndani kuna redio, na mkono wa mtu umeshika kitufe chake. Nyumba ile ilishabomolewa. Kaka huyohuyo amenipigia simu kuomba nakala. Nimempa, ila nimemkumbusha.

Jacques Henri Lartigue, Mfaransa aliyezaliwa 1894, alianza kupiga picha akiwa mtoto. Mwaka 1905 alimnasa binamu yake akiruka kwenye ngazi, yuko hewani kabisa. Umaarufu ulimjia 1963, picha zake zilipoonyeshwa New York, naye ana miaka 69! Mbele ya kamera ya mtoto watu hawajipangi. Wanaendelea na shughuli zao, na ndicho tunachokitafuta leo.

Basi zishike negativu kwa kingo, ziskani, ziweke pakavu na gizani. Nyuma ya picha andika kwa penseli laini, si kwa wino. Albamu za gundi ziepuke, zinaharibu picha. Na mwanao akipiga picha za vikombe na visigino kwa simu yako, usimfutie. Tafadhali, usimfutie.

Halafu leo hii kaa na wazee, waulize kila aliyemo ni nani. Mimi nilichelewa. Mama hayupo tena, na mkono ule kwenye redio hakuna anayeutambua.