Nyumba ya milioni 100 utailipa milioni ngapi?

Maswali ya hela, Anti anajibu

SWALI: Shikamoo anti. Mie ni nesi, mume wangu yuko kampuni ya mizigo, tumepanga Tabata laki 5 kwa mwezi na mwenye nyumba anataka miezi sita sita. Tumeona nyumba Kigamboni, vyumba vitatu, wanauza milioni 100. Sisi tuna akiba ya milioni 20, benki imekubali kutupa milioni 80 zilizobaki kwa riba ya asilimia 16, miaka 20, na afisa mikopo kasema rejesho ni 1,113,000 kila mwezi. Mume wangu anasema kodi ni hela ya kutupa, bora tubanane ila tulipie cha kwetu. Mie roho inasita lakini nikiulizwa kwa nini sina jibu maana hizo hesabu sizielewi. Hivi hiyo nyumba kweli ni ya milioni 100? – Mama Watatu, Tabata

JIBU: Marahaba mwanangu. Hapana, sio ya milioni 100. Fungua kalkuleta ya simu yako sasa hivi, piga 1,113,000 mara miezi 240, itakuja kama milioni 267. Ongeza ile 20 yenu ya kutanguliza, unafika 287. Na hapo bado hatujamlipa mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, ada ya benki ya kushughulikia mkopo, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Yaani mnanunua nyumba moja kwa bei ya karibu tatu, na wala hakuna aliyewadanganya, ni hesabu tu ambayo afisa mikopo hana haraka ya kuwaonyesha kwa sababu hamjaiuliza.

Sasa tuone hiyo hela inaendaga wapi. Asilimia 16 kwa mwaka ni kama 1.33 kwa mwezi, na benki inaipiga kwenye deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 80, kwa hiyo riba peke yake ni 1,066,667. Mmelipa 1,113,000, toa riba, kinachokwenda kupunguza deni ni 46,000 na kidogo. Elfu arobaini na sita! Mwezi wa pili deni limepungua kwa hiyo elfu 46, riba nayo inashuka kidoogo, deni linapungua tena kidogo, mnaenda hivyo hivyo. Mwaka wa kwanza mzima mtakuwa mmepeleka benki karibu milioni 13.4 na deni limeshuka kwa laki 6 hivi. Baada ya miaka mitano mmelipa karibu milioni 67, deni bado milioni 75.8. Baada ya miaka kumi, mmelipa zaidi ya milioni 133, mmeshasahau hata rangi ya kwanza ya ukuta, na bado mnadaiwa milioni 66.4. Nusu ya deni, yaani ile 40 ya kwanza, mtaimaliza mkikaribia mwaka wa 16. Miaka minne iliyobaki ndo inamaliza nusu nyingine.

Kwa hiyo watu wanaosema "nimeshalipa nusu ya muda" wanadhani wamelipa nusu ya deni, na siku wanataka kuuza nyumba, labda kazi imehama Mwanza au ndoa imegoma, wanakuta benki inachukua sehemu kubwa ya bei halafu wanabaki wanaangaliana.

Turudi kwenye hiyo kauli ya mume wako, na mwambie nimemsalimia. Kodi ni hela ya kutupa, sawa, mnatupa laki 5 kwa mwezi kwa baba mwenye nyumba. Mkichukua huu mkopo, kwa miaka ya mwanzo mnatupa milioni moja na zaidi kwa mwezi kwa benki, maana riba nayo hairudi. Riba ya mwezi wa kwanza ni zaidi ya kodi mara mbili. Simkatalii kila kitu, kodi za Dar zinapanda kila mwenye nyumba akiamka vibaya, na nyumba nayo inaweza kupanda bei, na kuna amani ya kupiga msumari ukutani bila kuomba ruhusa, hiyo naielewa sana. Ila asitumie hiyo hoja kana kwamba upande wa pili hakuna kinachotupwa.

Kuna watakaowaambia shilingi inashuka thamani, kwa hiyo hiyo 1,113,000 miaka 15 ijayo itakuwa hela ndogo. Kweli, kiasi. Lakini mfumuko wa bei kwetu miaka hii unacheza kwenye asilimia 3 na pointi, nyie mnalipa 16. Pengo la asilimia 12, 13 ni lenu. Ndugu zetu walioko Marekani wanakopa kwa asilimia 6 au 7 riba isiyobadilika miaka 30, ndo maana ushauri wao wa "kopa tu, nyumba ni uwekezaji" usiuchukue mzima mzima, wa kule kwa asilimia 7 miaka 30 anarudisha kama mara 2.4 ya alichokopa, nyie kwa miaka 20 tu mnarudisha mara 3.3.

Halafu angalia mkataba kuhusu riba kubadilika. Mikopo mingi ya nyumba hapa ina kipengele kwamba benki inaweza kurekebisha riba. Ikipanda toka 16 kwenda 18 mwanzoni, rejesho linaruka toka 1,113,000 hadi 1,234,000 na ushee. Na kuna kitu kibaya zaidi ambacho watu hawakioni. Ikipanda kwenda 17 tu halafu mkaachiwa rejesho lile lile "ili msiumie", riba ya mwezi kwenye milioni 80 inakuwa 1,133,000, mnalipa 1,113,000, maana yake kila mwezi mnalipa na deni linaongezeka. Muulizeni afisa kwa maandishi, riba ikipanda kinabadilika nini, rejesho au muda?

Na hizo ada na bima za mwanzo, mkiambiwa "msijali tutaziweka ndani ya mkopo", jalini sana tu. Milioni 3 ya ada ikiingia ndani ya mkopo wa asilimia 16 miaka 20 mtaitoa kama milioni 10. Lipeni mkononi, hata kwa kukopa kwa shangazi. Bima yenyewe msiikatae lakini, ile ya maisha ndo inayomalizia deni mmoja wenu akifariki, ila someni kama inawahusu wote wawili au yule mwenye jina kwenye mkopo tu. Hizi nyingine ni ndogo, kodi ya jengo inakatwa kwenye LUKU mkinunua umeme, 1,500 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, kuna pango la ardhi kila mwaka, kuna bati litavuja na hakuna wa kumpigia simu isipokuwa fundi.

Umesema ukiulizwa kwa nini unasita huna jibu. Mie ningesema hivi. Hiyo hela mnayoweza kutoa kwa mwezi inaweza kununua kitu kingine. Mkikopa 40 badala ya 80, riba ile ile, miaka 10, rejesho ni 670,000 na jumla mnarudisha milioni 80 na laki 4. Mabenki yetu yana mikopo ya kujenga na ya kumalizia ujenzi, kwa hiyo mnaweza kununua kiwanja chenye hati kwa hiyo 20 yenu, mkaanza, mkakopa 40 kwa ajili ya kupandisha na kupaua. Sisemi itatosha kila kitu, mafundi wa Dar mnawajua, na pagale lina kero zake, mnalipa kodi Tabata huku mnanunua saruji. Lakini deni la miaka 10 mnalimaliza watoto bado wako shule. Kama moyo wa mume wako uko Kigamboni tu na hauhami, basi miaka 15 badala ya 20. Rejesho linakuwa 1,175,000, ni elfu 62 zaidi kwa mwezi, na jumla inashuka kwa milioni 55. Jaribuni kwanza, kuanzia mwezi huu wekeni pembeni ile tofauti ya kodi na hilo rejesho la miaka 15, yaani 675,000, mwone kama mnaishi. Mkishindwa mwezi wa tatu mmepata jibu bure.

La mwisho kwako, maana naona unataka kusaini vitu usivyovielewa. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi, Sheria ya Ardhi inasema hivyo, kwa hiyo hata mkopo ukiwa kwa jina lake utaitwa kusaini. Kabla ya kusaini omba ratiba ya marejesho ya miezi yote 240, safu ya riba, safu ya deni linalopungua, safu ya deni linalobaki. Wanayo kwenye kompyuta, kuiprinti ni dakika mbili. Na ujue mkikwama kulipa, benki inatoa notisi ya siku 60 na zikiisha bila kurekebisha ndo njia ya mnada inafunguka, kwa hiyo wekeni akiba ya marejesho ya miezi mitatu minne kabla ya kuhamia, sio mapazia.

SWALI: Anti, mie nina mkopo wa nyumba milioni 60, asilimia 17, miaka 15, nimeshalipa miaka minne bila kuchelewa, rejesho langu ni 923,000. Nimeuza shamba Kilosa nimebakiwa na milioni 10 nataka niziingize benki. Wameniuliza nataka nipunguziwe rejesho au muda? Mke wangu anataka rejesho lishuke tupumue. – Baba Neema, Morogoro

JIBU: Hongera kwa kutonunua gari. Punguza muda.

Sikiliza hesabu. Miaka minne umelipa milioni 44 na deni lako sasa hivi ni kama milioni 55, usishtuke, ndo lilivyo. Ukitia 10 linabaki 45. Ukipunguza rejesho, litashuka hadi kama 755,000 na utaendelea miaka 11 ile ile, faida yako yote ni milioni 12. Ukiacha rejesho lilivyo na muda ukapungua, unamaliza kwa miaka 7 hivi badala ya 11, na umeokoa karibu milioni 35. Hela ni ile ile 10, tofauti ni wapi umeiagiza iende.

Mambo mawili kabla hujaiachia. Soma mkataba kama kuna faini ya kulipa kabla ya muda, kama ipo omba waiondoe au ujue ni kiasi gani. Na andika barua kwamba hiyo hela ni ya kupunguza deni la msingi, usiache ikakaa kwenye akaunti wakawa wanakata rejesho moja moja, hapo umeila mwenyewe kidogo kidogo na riba haijapungua hata shilingi. Baada ya hapo dai ratiba mpya. Mama akiona mwisho umekuja mbele miaka minne nadhani mtaelewana, ila kama kweli jikoni mnabanwa hadi mnakopa vikoba kulipa ada, basi yeye yuko sahihi na mie nimekosea, mikopo ya mtaani ina riba mbaya kuliko hiyo 17.

SWALI: Niko Mombasa, nalipa mogeji, yaani mkopo wa nyumba, ya nyumba ninayoishi. Rafiki yangu aniambia KRA, watu wa kodi wa Kenya, wanakurudishia shilingi za Kenya 360,000 kila mwaka. Ni kweli? – Msomaji, Nyali

JIBU: Nusu kweli. Kiwango ni hicho, 360,000 kwa mwaka, yaani 30,000 kwa mwezi, kilipandishwa mwisho wa Desemba 2024 kutoka 300,000. Lakini hurudishiwi hiyo hela. Riba uliyolipa, hadi kiwango hicho, inatolewa kwenye mapato kabla ya kupigwa kodi. Kama wakatwa kodi ya asilimia 30, unachookoa kikizidi sana ni 108,000 kwa mwaka, elfu 9 kwa mwezi. Sio kidogo, ila usikope zaidi kwa sababu yake, ukilipa riba shilingi 100 wapata afueni ya 30, zile 70 ni zako. Ni kwa nyumba moja unayoishi mwenyewe, iliyokopewa kwenye taasisi inayotambulika. Chukua cheti cha riba benki mpelekee mwajiri akiingize kwenye mshahara, na kama hakufanya hivyo mwaka uliopita, weka kwenye ritani yako ya kodi.