Unamtuma chatu Atlanta? Boksi liandikwe NYOKA

Mleta uzi, weka chini hiyo seloteipu kwanza.

Nimesoma bandiko lako chai ikapoa mkononi. Uko Lowell, Massachusetts, umepata kazi Atlanta, una ball python mmoja (chatu mdogo) na corn snake mmoja (nyoka asiye na sumu), na unataka watangulie kwa shemeji yako wewe ukimalizia mambo ya nyumba. Ijumaa ndiyo siku yako ya mapumziko, kwa hiyo utapita posta Ijumaa. Na juu ya boksi utaandika "nguo", maana kuna jamaa kakwambia wakijua ni nyoka watakataa. Ukauliza na mengine pia, nauli, ukubwa wa boksi, wale lini, mwenye nyumba aambiwe au asiambiwe. Hayo yatasubiri. Hilo la "nguo" ndilo lililonipandisha presha.

Mimi niliandika "vyombo vya jikoni".

Nilikuwa nahama Minneapolis kwenda Dallas, mwezi wa kwanza, na chatu wangu jike, ball python kama wako, niliyemlea tangu ana unene wa kidole. Mashirika makubwa ya ndege hapa hayakuruhusu kuingia kabini na nyoka, na gari langu enzi zile halikuwa na hita. Minnesota, Januari, bila hita. Haya, fikiria mwenyewe. Nikaenda kwa "mtaalamu", jamaa niliyemkuta kwenye maonyesho ya reptilia, ana meza, ana kofia, ana jibu la kila kitu. Akanipa masomo matatu bure, na ndiyo masomo ghali kuliko yote niliyosoma nchi hii, na mjue nimelipa ada ya chuo hapa.

Kwanza, eti nyoka ni mnyama wa damu baridi, kwa hiyo baridi kwake si kitu. Pili, huduma ya usiku mmoja ni usiku mmoja, ukimpeleka Ijumaa jioni, Jumamosi anapokelewa. Tatu, usithubutu kuandika nyoka: "Wakiona nyoka wanaogopa, wanalisukumia pembeni. Andika vyombo, watalibeba kwa adabu." Nikamshukuru. Nikampa na mkono kabisa.

Ijumaa jioni nikalifikisha boksi kaunta. Dada wa kaunta akaniuliza kama kuna cha kuvunjika, nikamjibu ndiyo, sahani, bila hata kupepesa jicho. Jumamosi rafiki yangu wa Dallas akashinda sebuleni akisubiri mlango ugongwe. Kimya. Kuangalia mtandaoni, boksi liko ghalani, litafikishwa Jumatatu. Kumbe lebo ya usiku mmoja ikikatwa Ijumaa, kama hukulipia huduma ya Jumamosi, inahesabu siku ya kazi inayofuata, na siku ya kazi inayofuata ni Jumatatu. Iko wazi kwenye masharti. Ningeyasoma, ila si nilikuwa na mtaalamu?

Sasa hapa ndipo penyewe, soma taratibu. Hadi Jumamosi mchana nyoka wangu alikuwa mzima na pakiti ya joto niliyomwekea ndani ya boksi bado inafanya kazi. Kulikuwa na muda wa kumwokoa. Nikapiga simu huduma kwa wateja. Yule mama aliyepokea alikuwa mwema kupita kiasi. Nikamuuliza kama rafiki yangu anaweza kwenda kulichukua mwenyewe, au basi walihamishie chumba chenye joto. Akaniuliza, "Ndani kuna nini, bwana?"

Ungejibu nini hapo? Nikasema vyombo.

Akaniambia vyombo havidhuriki na baridi, nivute subira hadi Jumatatu. Na alikuwa sahihi! Kwa taarifa niliyompa mimi kwa mdomo wangu na kwa maandishi yangu, alikuwa sahihi mia kwa mia. Nikisema ukweli nimejishtaki mwenyewe kwamba nimedanganya kwenye lebo. Nikinyamaza, nyoka anaganda. Nikanyamaza. Nilijiambia pakiti itafika.

Pakiti haikufika. Zile pakiti za joto ndani zina unga wa chuma, ukifungua nailoni unapata hewa na kushika kutu haraka haraka, na kule kushika kutu ndiko kunakotoa joto. Yangu ilikuwa ya saa 40. Piga hesabu kutoka Ijumaa saa kumi na mbili jioni: inaishia Jumapili saa nne asubuhi. Boksi likakaa ghalani Jumapili mchana kutwa na usiku kucha halina chochote. Nilipofika Dallas na kulifungua Jumatatu, ile pakiti ilikuwa imekauka tofali, ukiigonga inalia ko ko. Magazeti yamelowa unyevunyevu. Nikafungua fundo la foronya niliyomfungia ndani yake. Chatu mzima ukimtoa foronya cha kwanza kukusalimia ni ulimi, anaonja hewa ajue yuko wapi. Huyu alikuwa amejikunja vilevile nilivyomwacha, wa baridi, ulimi hautoki.

Baadaye kidogo ulitoka, nikashangilia peke yangu sebuleni. Nilishangilia mapema. Siku chache mbele vipovu vikaanza puani, kisha akawa anapumua mdomo wazi na sauti ya mluzi kifuani. Nikamtafuta daktari wa wanyama anayejua reptilia, si kila daktari wa mbwa anawaweza. Akamwanzishia sindano za ceftazidime, dawa ya kuua bakteria, moja kila baada ya saa 72. Akaniuliza alisafirishwaje. Nikamweleza yote. Akaandika muda mrefu bila kuniangalia. Nyoka akafa, na bili nikaimaliza yeye keshazikwa. Nilipomsimulia mjomba wangu wa Tanga alicheka hadi akapaliwa: "Huku nyoka tunampa fimbo bure, wewe umempa nauli na hospitali?" Cheka tu, mjomba. Na mama nyumbani hajui hadi leo kwamba nilikuwa naishi na nyoka, kwa hiyo kama kuna mtu wa ukoo humu ndani, tafadhali.

Na wewe mwenye kofia. Damu baridi maana yake joto la mwili wake linafuata joto la pale alipo, yeye mwenyewe hajitengenezei. Ndiyo maana baridi inamuumiza kuliko inavyotuumiza sisi! Ball python asili yake ni Afrika Magharibi, Ghana, Togo, Benin huko, na upande wa joto wa tangi lake tunauweka nyuzi 31 hadi 33 za Selsiasi. Akipoa sana kinga inalala, na kama ana panya tumboni hasagiki tena, anaozea humohumo. Mtu anauza nyoka miaka na miaka na hajui hilo? Au anajua, ila alitaka tu nitoke mezani kwake?

Turudi kwako. Jamaa yako anasema posta watakataa wakijua. Ni kweli watakataa, kwa sababu umegonga mlango usio wenyewe. USPS, yaani posta ya Marekani, hawabebi nyoka wa aina yoyote, mwenye sumu na asiye na sumu. Ajabu yao, mijusi midogo isiyo na sumu wanaibeba, na kanuni zao zinataja hata mamba mchanga asiyezidi inchi 20. Mamba ndiyo, nyoka hapana. Usiniulize mimi. Lakini ukimpenyeza kwa jina la nguo umeshavunja kanuni ya posta, na bado iko Sheria ya Lacey ya mwaka 1900, inayosimamia wanyamapori wanaovuka mipaka ya majimbo. Sheria hiyo inataka mzigo wa mnyama uonyeshe wazi kilichomo, na lebo ya uongo juu ya mnyama anayevushwa jimbo ni kosa la shirikisho. Kwetu sisi wenye makaratasi ya uhamiaji yanayosubiri kusainiwa, hebu pima mwenyewe kama "nguo" ina thamani hiyo.

Njia iliyonyooka ipo na si ngumu. Mtu binafsi anapitia kwa mawakala wa reptilia kama ShipYourReptiles au Reptiles2You, wanakuuzia lebo ya kampuni ya vifurushi ya FedEx, huduma ya usiku mmoja iitwayo Priority Overnight, na wanajua kabisa kwamba ndani ni nyoka. Umeona? Hakuna wa kumficha. Unachagua boksi lisipelekwe mlangoni, lishikiliwe kituoni, shemeji aende na kitambulisho alichukue asubuhi. Nje unaandika kwa Kiingereza, herufi kubwa: wanyama hai, reptilia wasio na madhara. Halafu karatasi yenye jina lako na la shemeji, namba za simu zinazopokelewa, jina la kisayansi ambalo ni Python regius, na idadi. Likichelewa unapiga simu unasema "nyoka wangu", na anayepokea anajua anashughulika na nini. Mimi ningetoa chochote Jumamosi ile kuweza kusema maneno hayo mawili.

Siku ni Jumatatu hadi Jumatano, basi. Omba ruhusa kazini, mwambie bosi unaumwa tumbo, hiyo lebo ya uongo nakuruhusu. Na usiangalie hali ya hewa ya Lowell na Atlanta tu, angalia na Memphis, ndiko kituo kikuu cha FedEx kilipo, mzigo wako unaweza kulala huko. Mawakala wengi hawatoi dhamana ya mzigo wako joto likiwa chini ya nyuzi 40 za Farenhaiti au likipita 90 hivi, yaani karibu 4 na 32 za Selsiasi. Ikiwa nje ya hapo, ahirisha. Nyoka hana haraka, wewe ndiye mwenye haraka.

Kufunga: boksi lenye kuta za lile povu jeupe la kufungashia televisheni, foronya safi isiyo na uzi unaochomoza, fundo juu, magazeti yaliyofinywa kuzunguka asigongwegongwe. Maji usiweke, atalowa. Pakiti ya joto tumia tu ikiwa chini ya nyuzi 70 za Farenhaiti, bandika kwenye kifuniko kwa ndani, isimguse, na uiache ianze kupata moto kabla hujafunga. Toboa vitundu, maana pakiti nayo inahitaji hewa, ukiziba kila upenyo inazimika. Na chukua ya saa 72. Asile wiki nzima kabla.

Mchangiaji wa juu aliyeuliza kuhusu kumpeleka Dar likizo: hiyo ni shughuli nyingine kabisa. Ball python yuko Kiambatisho cha II cha CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea ya porini, kumtoa Marekani unahitaji kibali cha idara yao ya wanyamapori, US Fish and Wildlife Service, na nchi unayokwenda nayo ina vibali vyake. Kwa likizo ya wiki chache? Mwachie jirani.

Halafu, mleta uzi, hapa sijui kama uliangalia hata kidogo. Ball python Georgia, jimbo lenye Atlanta, hana shida. Huyo corn snake ndiye mwenye matatizo. Georgia hairuhusu raia kufuga nyoka wa porini kwao wasio na sumu, na corn snake ni wa kwao, hata kama wako alizaliwa kwenye tangi la plastiki Massachusetts na hajawahi kuiona Georgia kwenye ramani. Huyo usimtume wala usiende naye kwenye gari. Mtafutie mtu hapo Lowell anayejua kulea, wapo wengi, tena mpe na tangi lake lote asihangaike.

Ukishanunua lebo piga picha boksi likiwa bado wazi, na upande wa juu palipoandikwa, uweke hapa tulikague kabla hujalibeba. Namba ya lebo ifute.