Kwa mnaoulizia hela za kambi: majibu yangu kutoka Maine

Mbukwenyi ndugu zangu.

Nimesikiliza sauti zote mlizotuma kwenye kundi la ukoo, hata ile ndefu ya Baba Mdogo. Kwa ambao hawakuisikiliza, anasema amepata habari kwa mtu wa Area D hapo Dodoma kwamba hii kambi ya watoto ya majira ya joto ninayofanyia kazi huku Marekani inatoza zaidi ya milioni ishirini na tano kwa mtoto mmoja kwa wiki saba, na watoto wako mia mbili. "Piga hesabu mwenyewe," anamalizia. Yakafuata maombi mawili. Mpwa wangu anataka nimvute aje awe mlezi wa watoto kambini. Dada na wenzake wa kikoba wanataka nitoe mtaji tujenge kambi kama hii kwenye shamba la Hombolo.

Baba, hesabu yako si ya uongo, na hilo ndilo linaloniumiza. Kambi binafsi za kulala za huku New England, kaskazini-mashariki mwa Marekani, kutoza zaidi ya dola 10,000 kwa msimu ni jambo la kawaida, na nyingine zinapita hapo mbali. Ziko pia za makanisa, za YMCA (chama cha vijana wa Kikristo) na za skauti zinazotoza dola mia kadhaa kwa wiki, ila hizo huwa hazifiki kwenye masimulizi ya Area D. Mmezidisha mapato mkaacha matumizi, kisha faida mliyoipata mkanigawia mimi. Ndiyo maana nikituma laki mbili mnanyamaza kana kwamba nimeficha nyingine.

Niwaeleze hela inavyotembea. Msimu wa baridi nakaa ofisini kwenye usajili, kiangazi niko jikoni, kwa hiyo naona inapoingilia na inapotokea.

Kambi inapokea watoto wiki saba au nane tu, lakini inakula miezi kumi na miwili. Likizo ndefu ya shule Marekani ni kuanzia Juni hadi Agosti, na hapo ndipo biashara yote ilipo. Watoto wakishaondoka, kabla baridi haijakaza, lazima maji yote yatolewe kwenye mabomba ya mabweni, la sivyo yataganda na kuyapasua. Magati ya mbao yanatolewa ziwani kabla barafu haijayavunja. Theluji ikilalia mapaa, kuna mtu analipwa kuishusha. Kodi ya ardhi inaendelea, bima inaendelea, mkopo wa benki unaendelea, na sisi wachache wa ofisini mishahara yetu inaendelea. Bima peke yake ni mzigo mkubwa, maana hapo kuna ziwa, farasi, mishale na watoto wa watu wenye mawakili.

Mauzo yenyewe hufanyika wakati kambi imefunikwa na theluji. Mkurugenzi anafunga safari kwenda New York na Boston, anakaa sebuleni kwa wazazi na kuwaonyesha picha. Kishika uchumba cha mwaka ujao huanza kukusanywa hata kabla ya mtoto kurudi nyumbani, na ada iliyobaki inamaliziwa kabla ya Juni. Kwa hiyo mtoto anapofika langoni na begi lake, sehemu kubwa ya hela yake imeshatumika kwenye paa, boti na mishahara. Mwaka 2020 Covid ilipofunga kambi nyingi za kulala, wazazi wengi walidai warudishiwe hela ambazo tayari zilikuwa zimegeuka mbao na rangi. Kuna kambi ambazo hazikufunguliwa tena.

Faida halisi iko kwa mtoto anayerudi. Kumpata mtoto mpya kunagharimu safari, matangazo na maneno mengi. Akija na miaka minane, akapenda, akarudi kila mwaka mpaka kumi na tano na kumleta mdogo wake, hapo kambi inapumua. Ndiyo maana kila jioni kuna kijana wa picha anayehakikisha uso wa kila mtoto umeonekana, kwa sababu mama aliyeko mjini asipomwona mwanawe siku mbili atapiga simu. Mteja ni huyo mama. Mtoto akifurahi peke yake haitoshi kulipa bili.

Halafu kuna ardhi, ambayo hamtaweza kuiiga hata mkiwa na hela. Wamarekani walianza mambo haya zamani. Mwalimu mmoja wa Connecticut, Frederick William Gunn, aliwapeleka wanafunzi wake kambini mwaka 1861, na kambi nyingi za huku kaskazini zimekaa kando ya maziwa kwenye viwanja vilivyonunuliwa na mababu wakati hakuna aliyevitaka. Leo kiwanja kama hicho kina thamani kuliko kambi yenyewe, na baadhi ya wamiliki wanauza na kuondoka zao. Ninyi mmeona bei za viwanja Dodoma tangu serikali ilipoanza kuhamia kwa kasi mwaka 2016. Aliyerithi ana nafasi. Anayenunua leo ili walale watoto wiki nne kwa mwaka, sijui atarudishaje hela yake.

Sasa nije kwenye malipo ya wafanyakazi, kwa sababu hapo ndipo mpwa wangu anapataka.

Mlezi wa kambi analala bweni moja na watoto. Chama cha kambi cha Marekani kinaelekeza kwamba kwa watoto wa miaka sita hadi minane wanaolala kambini, mtu mzima mmoja asizidishe watoto sita, na kwa wa miaka tisa hadi kumi na minne, asizidishe wanane. Mtoto akilowanisha kitanda saa nane usiku, unaamka. Akilia anamtaka mama, unaamka. Asubuhi unawahesabu, ziwani unawahesabu, mezani unawahesabu. Na hulipwi kwa saa. Unalipwa kiasi kimoja kwa msimu mzima. Chukua mlezi wa dola 2,000 kwa wiki tisa, siku sita kwa wiki, saa kumi na nne macho. Hizo ni saa 756. Gawanya, inakuja dola mbili na senti sitini na kitu kwa saa. Kima cha chini cha taifa ni dola 7.25. Utauliza kama ni halali. Kwa sheria ya taifa ni halali: sheria ya kazi ya mwaka 1938 inaziruhusu sehemu za burudani na kambi za msimu, zisizofanya kazi zaidi ya miezi saba kwa mwaka, zisifuate kima hicho wala malipo ya muda wa ziada. Baadhi ya majimbo yana masharti yake ya kuongezea. Mtoto mmoja kati ya hao wanane amelipiwa mara tano ya posho ya mtu anayemlinda usiku kucha.

Kanuni za viza ya J-1, ile ya programu za kubadilishana wageni ambayo walezi wa kigeni huja nayo, zinataka mlezi wa kigeni alipwe sawa na Mmarekani wa kazi hiyohiyo, na kwa kawaida ndivyo inavyokuwa. Lakini Mmarekani huyo ni mwanafunzi wa chuo, amekulia kambi hiyohiyo, anarudi kwao kula kwa mama yake. Posho ile kwake ni ya kununua viatu na kutembea. Wewe unaihesabia ada ya wadogo zako na bati la nyumba ya bibi.

Mimi nina green card, kibali cha kuishi na kufanya kazi huku moja kwa moja, na jikoni nalipwa kwa saa, na sitaki kusema nateseka kuliko wengine. Lakini nilikuwa mwalimu wa darasa la tano pale Dodoma. Watoto walikuwa wanasimama nikiingia. Hapa mtoto wa umri uleule ananinyooshea sahani bila kuniangalia usoni, na siku ya wazazi kuja kutembelea, bahasha za shukrani wanapewa walezi mbele yangu, jikoni hakuna anayekumbuka. Msimu wa kwanza nilikuwa nalia kwenye chumba cha kuoshea vyombo, mashine ikinguruma ili watu wasinisikie.

Na ni Juni. Mwanangu naye anakuwa likizo Juni. Yuko Chang'ombe kwa mama yangu, anazunguka na tairi, na mimi niko huku nawapakia wenzake biskuti za kwenda kupanda mlima. Nikipiga simu mchana wangu, kwenu ni usiku, ameshalala. Msinitumie tena ujumbe kwamba nimesahau nyumbani. Mnaweza kunidai hela, lakini hilo msinirudishie tena.

Mpwa wangu, baki. Nasema hivi kwa upendo na kwa ukali. Yule wakala anayetaka milioni tatu "kukuwekea nafasi ya kambi" usimpe hata nauli ya bodaboda. Tangazo la rais wa Marekani la Desemba 2025 liliiweka Tanzania kwenye nchi zilizozuiwa baadhi ya viza kuanzia 1 Januari 2026, na viza za J zimo, na za uhamiaji zimo. Karatasi za mwanangu zimekwama humohumo. Anayekuuzia nafasi sasa anakuuzia mlango uliofungwa. Siku ukifunguliwa, mashirika yanayoruhusiwa kudhamini J-1 yako kwenye orodha ya Wizara ya Mambo ya Nje ya Marekani. Jina lisipokuwepo humo, ondoka. Na mlango huo ukifunguliwa kweli, njoo. Nimesema baki, lakini njoo msimu mmoja ukiwa bado kijana: utajifunza kuongoza kundi la watoto, kuokoa mtu majini na kuongea Kiingereza bila hofu. Usije kwa ajili ya hela. Hiyo viza ya mlezi haizidi miezi minne, ikiisha urudi.

Dada, hili la kwako limeninyima usingizi, maana wazo ni zuri na mpango ni mbaya.

Msijenge mabweni Hombolo. Likizo ya Juni kwetu ni wiki nne hivi, ya Desemba ni ya mvua na ya kilimo. Nyumba za kulala watu mwezi mmoja zitalindwa na kukarabatiwa miezi kumi na mmoja kwa hela ya nani? Tena tangu Machi 2023 Kamishna wa Elimu alizuia bweni kwa watoto wa awali hadi darasa la nne. Waraka ule ulihusu shule, lakini mzazi aliyeusoma na afisa ustawi wa jamii watakuuliza kwa nini wewe unawalaza. Na ukiwa karibu na bwawa la Hombolo utaulizwa habari za kuzama na kichocho, na uwe na majibu.

Lakini wateja mnao, na sidhani kama mmewaona. Angalieni mitaa ya Dodoma kama Kisasa, Ilazo, Iyumbu: watumishi wa serikali waliohamishwa kutoka Dar. Bibi hayupo karibu, shangazi hayupo. Juni mtoto anashinda na dada wa kazi na televisheni kuanzia asubuhi mpaka saa kumi na moja. Mzazi huyo atalipia kambi ya mchana. Makambi ya kanisani mnayajua, skauti mnawajua, hili si geni kwa mtu yeyote. Na Juni Dodoma hakuna mvua, ni kipupwe na upepo, watoto wanaweza kukaa nje siku nzima wakipewa kivuli na maji.

Kodini shule binafsi, majengo yake yako tupu mwezi huo. Tuseme watoto ishirini, shilingi 15,000 kwa siku, siku kumi na tano: ni milioni nne na nusu. Walezi watatu kwa 20,000 kwa siku, laki tisa. Chakula na uji kwa watu ishirini na watano, 4,000 kila mmoja, milioni moja na nusu. Gari la kuwazungusha asubuhi na jioni kwa 80,000, milioni moja na laki mbili. Inabaki laki tisa, na hapo hujalipa jengo, bima, dawa za huduma ya kwanza, wala muda wako. Mwaka wa kwanza hamtapata kitu. Mwaka wa pili, wale ishirini wakirudi na kuleta wenzao, mtapata kidogo.

Wafundisheni vitu ambavyo hawavipati shuleni. Mtafuteni mzee wa kupiga zeze na ilimba. Akina mama wa ngoma ya muheme wapo, walipeni vizuri. Siku moja wapelekeni Kolo, Kondoa, waone michoro ya mapangoni ambayo UNESCO iliiweka kwenye urithi wa dunia mwaka 2006 na ambayo wengi wetu tumekua bila kuiona.

Na walezi, Dada, walipeni kila Ijumaa, kwa siku walizofanya. Chukueni wanafunzi wa ualimu wa vyuo vikuu vya hapo, UDOM au St. John's, walio likizo, muwape chakula na nauli. Nikisikia mmewalipa "asante" au mmewaambia wanapata uzoefu, sitatuma tena hata senti.

Mtaji nitatoa, nitakuwa nimejikunja. Nitagharamia chakula, sanduku la dawa na kozi ya huduma ya kwanza kwa walezi wote watatu. Sitatuma hela ya tofali. Ramani ya mabanda mliyonitumia iwekeni kando, nitumieni kwanza majina ya wazazi kumi na watano waliotoa kishika uchumba kabla Aprili haijaisha. Mwanangu mwandikisheni, nitamlipia kama wengine. Na Baba Mdogo, shamba la Hombolo liache kwenye zabibu.