Chembe za ndoto: zinamfuata au wanamfuata?

SWALI: Ninaandika hadithi ya kubuni kuhusu mji uliojengwa juu ya mapango kama yetu ya Amboni. Mtu akilala katika mji huo, humtoka punje ndogo zing'aazo ambazo hukichukua alichokiota na kukifanya kitu cha kushikika. Nimeziita “vijindoto”. Mwenzangu aliyeisoma rasimu anasema niandike “vijindoto wanamfuata” kwa kuwa wana akili, ilhali mimi nilikuwa nimeandika “vinamfuata”. Nani ana haki? Tena, nitamvushaje msomaji kutoka ndotoni bila ya kurudia kila mara “katika ndoto” na “katika uhalisia”? Sentensi inayonisumbua ni hii: “Ilikuwa kana kwamba vijindoto walimvuta, naye akawa katika uhalisia akiwa na dafu.” (Msomaji, Tanga)

JIBU: Nianze na jina, kwa kuwa upatanisho hufuata jina. Viambishi kiji- na viji- vinapobandikwa kwenye nomino iliyokamilika, aghalabu huleta dharau, kama tusemavyo vijimambo na vijisenti. Atakayekutana na vijindoto ataelewa ndoto ndogo zisizo na thamani, wala hataelewa kwamba unazungumzia punje ambazo ndoto yenyewe imeundwa nazo, na kosa hilo litaiponza hadithi yako tangu ukurasa wa kwanza, maana punje hizo ndizo zenye nguvu kuliko kitu kingine chochote mjini humo. Ukifuata njia kongwe ya kuangusha n ya mwanzo, ile inayotupa kidege kutokana na ndege, utapata kidoto; nacho kidoto tayari ni kitambaa anachofungwa ngamia machoni anapozungusha kinu cha mafuta. Mimi ningeziita chembe za ndoto. Chembe kwa maana ya punje imo katika ngeli ya i-/zi-, kama chembe ya mchanga na chembe za damu, wala usiichanganye na chembe cha moyo, ambayo huchukua ki-.

Sasa upatanisho. Hoja ya mwenzako ina msingi, kwa sababu Kiswahili humtoa kiumbe katika ngeli ya umbo lake na kumtia katika a-/wa-: twasema kipepeo anaruka na viboko wamezama, ingawa majina yao yana ki- na vi-. Lakini uhai peke yake hautoshi kumvusha mtajwa. Mnazi una uhai na bado twasema umemea, si amemea. Chembe hai za mwili nazo zinagawanyika, hazisemwi kuwa wanagawanyika. Akili na hiari navyo havitoshi. Watu wanaopeleka sadaka kwenye mapango ya Amboni huamini kwamba mizimu husikia na hujibu, lakini wakizungumza husema mizimu imekasirika, mizimu imeridhika. Zimwi nalo linajua na linachagua, na methali haikulipa a-: zimwi likujualo halikuli likakwisha. Kwa upande wa pili, malaika ameshuka na jini amempanda, bila ya ubishi. Kwa hiyo lugha yetu haijafunga mlango kwa viumbe wa mpakani, na mwandishi ana haki ya kuamua mwenyewe, mradi auheshimu uamuzi wake hadi mwisho wa kitabu.

Uamuzi ambao ningeufanya mimi ni zi-. Ukiandika “chembe wanamfuata”, msomaji ataanza kuona wadudu, au watu wafupi sana, na ule ugeni wa kitu kinachojua bila ya kuwa mtu wala mnyama utatoweka. “Chembe zinamfuata” inautunza ugeni huo. Iwapo baadaye chembe mojawapo itapewa jina na kusema, hapo ipe a- bila ya kusita, na kuanzia hapo usiirudishe nyuma. Tena badilisha kishazi kizima, uandike “yule chembe mdogo akasema”, si “ile chembe ndogo akasema”. Kimilikishi ndicho chenye ruhusa ya kubaki, kama kinavyobaki katika “rafiki yangu amekuja”.

Swali lako la pili ndilo lililonifurahisha zaidi, kwa kuwa jibu lake limo ndani ya kitenzi cha Kiswahili. Tazama sentensi hii: “Mkwezi aliota anakwea mnazi, akaangua dafu, akalikumbatia, akaamka, akaliweka kando ya mto wake wa kulalia.” Kitenzi aliota kinaifungua ndoto, na anakwea inaegemea wakati wa kuota huko. Baada ya hapo -ka- inasema tu kwamba jambo hili lilifuata lile. Haisemi limetokea katika ulimwengu gani. Msomaji anatiririka pamoja na vitenzi, anafika kitandani, na dafu amefika nalo. Huna haja ya kumtangazia kwamba amevuka mpaka.

Jihadhari na maneno yanayoukana ulimwengu wako. “Kana kwamba” na -nge- humwambia msomaji kwamba jambo si kweli, na katika mji wako dafu ni la kweli, lina maji na linanyweka. “Kumbe ilikuwa ndoto” ni mbaya zaidi, kwani inayafuta yote yaliyotangulia. Neno uhalisia nalo wahakiki hulitumia kwa mkondo wa fasihi, hivyo kwa mtu aliyeamka inatosha kusema yu macho.

Sentensi yako, basi, ningeiandika hivi: “Chembe zikamvuta, akaamka, dafu li mkononi.” Hiyo li ni kiambishi cha nafsi kisicho na wakati wowote, kama tusemavyo kitabu ki mezani, usiigeuze kuwa lilikuwa, kwa sababu lilikuwa italirudisha dafu katika wakati uliopita, nawe unataka msomaji alione sasa.