Kudansi kwenye gemu: maswali yenu wana Chuga na wana Moshi

Haya, maswali ya bunduki na sensitiviti (kioo kinavyofuata kidole) tunayaweka pembeni kwanza maana yaliyojaa sa hivi ni ya emoti, yaani kudansi, kupunga mkono, kumcheka mtu, vitu hivyo. Mengine yalikuwa marefu kama barua ya posa nimeyakata, majina nimetoa, mtaa nimeacha.

Kaka mambo. Kila nikimuua mtu kwenye lile gemu la risasi la Free Fire nikasimama kwenye boksi la mzigo wake nikadansi kidogo, napigwa risasi toka sijui wapi. Hii seva ina shida na mimi au? – Chalii, Sakina

Seva haikujui chalii angu. We ukibonyeza emoti mhusika wako anasimama, bunduki anaiweka, na hata ukighairi ukasogeza kidole bado kuna kale kasekunde ka kushika silaha upya, sasa yule aliyesikia milio yako toka mbali alikuwa anaomba tu utulie, na we umetulia kweli, tena unakata kiuno uwanjani peupe.

Kitu cha kuangalia ni hiki. Ukimpiga mtu wa skwadi, yaani anayecheza na timu yake, akaanguka akaanza kutambaa, jua mwenzake yuko hai na inawezekana yuko njiani kuja kumuinua. Ila akifa moja kwa moja, boksi likadondoka pale pale bila kutambaa, mara nyingi skwadi yao ndo imeisha hiyo, na hii iko hivo Free Fire na kwenye gemu zingine za risasi kama PUBG Mobile na hata Fortnite. Hapo angalau hao hawatakusumbua, wanabaki wa skwadi zingine ambao nao wamesikia vita. Kwahiyo weka gloo, ule ukuta wa kujikinga, jifiche, jaza risasi, jaza damu (uhai wa mhusika wako), af ndo udansi. Watu wengi wanafanya kinyume, wanadansi wakiwa na damu nusu na magazini tupu, afu wanalaumu mtandao.

Wanaocheza Fortnite wajue kamera inazunguka hata ukiwa unadansi, kwahiyo ukiwa nyuma ya ukuta unadansi huku unachungulia kona. Wajanja wanaitumia hivo kabisa, we unamuona kama mjinga anacheza peke yake kumbe anakusoma.

Nina emoti kali kinoma lakini wana wananiambia wananiona nimesimama tu kama mti. – Pasua, Moshi

Ni simu zao. Free Fire na PUBG Mobile skini (nguo na mapambo) na emoti nyingi zinashushwa pembeni, na mtu mwenye simu ya nafasi ndogo au anayebania bando hashushi, sasa asichokuwa nacho kwenye simu yake hawezi kukiona. Waambie waingie sehemu ya kudaunlodi ndani ya gemu wakiwa kwenye waifai ya mtu. Basi.

Habari mwanangu. Mimi ni mama wa watoto watatu, huyu wa kidato cha pili ananiomba hela anunue "dansi" ya kwenye simu, anasema bila hiyo hawezi kushinda. Ni kweli? Na mdogo wake wa darasa la tano naye ameanza. – Mama, Njiro

Shikamoo mama. Hapana, amekupanga. Dansi haiongezi risasi, haiongezi damu wala mbio, ni pambo tu sawa na nguo ya mhusika. Anachotaka ni waone wenzake, na hilo kwa mtoto wa kidato cha pili sio jambo dogo, mi simcheki, ila kushinda haihusiani kabisa.

Jinsi inavyofanya kazi ni hivi mama: hela yako haiendi kununua dansi moja kwa moja, inabadilishwa kwanza kuwa hela ya mle ndani. Free Fire ni daimondi, PUBG Mobile ni UC, Fortnite ni V-Bucks. Hapo ndo pana ujanja wenyewe, maana mtoto akiona daimondi haoni shilingi, af vifurushi vimepangwa kiasi kwamba mara nyingi chenji inabaki, haitoshi kununua kingine mpaka uongeze. Juu yake kuna ile ya "leo tu, kesho inaondoka", na kingine kibaya zaidi ni kuzungusha bahati nasibu, unalipa daimondi unazungusha gurudumu unapata takataka unazungusha tena. Mi ningekuwa we ningemkatalia gurudumu moja kwa moja, ila kitu chenye bei inayoonekana, akifaulu mtihani, mnunulie kimoja, mlipe wewe mwenyewe na PIN ya simu asiijue.

Na umwambie asiingize paswedi yake popote panapoahidi daimondi za bure. Akaunti zinaondoka hivo kila siku, af wanakuja kulia.

Huyo wa darasa la tano kama anacheza Roblox, ile yenye gemu nyingi ndani yake, mwache tu, kule unaandika kwenye chati /e dance mhusika anadansi bure, kuna na /e dance2 na /e dance3, kuna /e wave ya kupunga mkono na /e laugh ya kucheka. Sio kila gemu la mle linakubali lakini mengi yanakubali.

Bro kuna jamaa alinipiga akanidansia mpaka naingia lobi, pale pa kusubiria gemu, sijalala vizuri. Hivi hii si ni tusi? Nikimkamata nimfanyie nini? – Unga Limited

Ni tusi na sio tusi, inategemea na ametumia ipi na kwa muda gani. Akikudansia sekunde mbili akaondoka kuendelea na gemu, huo ni utani wa uwanjani, mbona Simba na Yanga wanafanyiana makubwa kuliko hayo na Jumatatu wako ofisi moja. Akikuzunguka wewe bado unatambaa, hajakumalizia, anakucheka, anasubiri wenzako waje waone, huyo ana lengo lingine.

Na usijione una roho nyepesi, watengenezaji wenyewe wameliona. Fortnite mwaka 2024 waliweka sehemu kwenye setingi ya kuzima emoti za uchokozi usizione kabisa, wakaanza na nne, mojawapo ni Take the L, ile ya kuweka vidole kwenye paji la uso huku miguu inarushwarushwa. Upande wa gemu za mpira, kampuni ya EA kwenye FIFA 21 waliondoa ushangiliaji wa kumnyamazisha mwenzako kwa kidole mdomoni, kwa sababu watu walikuwa wanakera nayo mno. Ukiingia banda lolote la PS hapa mjini lakini utakuta mtu anamfanyia mwenzake kwa kidole chake mwenyewe, hiyo hakuna setingi ya kuizima.

Ukimkamata huyo jamaa mpige, chukua mzigo wake, ondoka. Mi naona hiyo inauma kuliko dansi, kwamba hata hukumkumbuka.

Sisi ni kundi la kudansi, tumeanza na kiduku enzi hizo sasa tuko amapiano. Tukibuni staili af gemu ikaichukua, tutalipwa? – Kijenge

Swali tamu hili na jibu lake linakera. Kwa Marekani, ambako ndo kesi zimepiganwa, staili fupi ya hatua mbili tatu haina mwenyewe. Mwaka 2018 rapa 2 Milly aliwashtaki Epic Games wenye Fortnite akidai wamechukua staili yake wakaibadili jina wakaiuza, mwezi huo huo Disemba Alfonso Ribeiro, yule muigizaji wa vichekesho wa miaka ya tisini, naye akaenda na ile ya kurusha mikono huku anayumba. Ofisi ya hakimiliki ya kule ikamwambia Ribeiro hiyo ni hatua rahisi tu haisajiliki kama kazi ya usanii. Machi 2019 Mahakama ya Juu ya kule ikatoa uamuzi kwenye kesi nyingine kabisa kwamba huwezi kushtaki kabla ofisi haijajibu ombi lako la usajili, kesi za madansi zikaondolewa.

Uzuri haukuishia hapo. Kyle Hanagami, mtunzi wa madansi, yeye alikuwa ameshasajili dansi lake zima, akawashtaki Epic hao hao 2022, akashindwa kwenye mahakama ya chini, akakata rufaa, na Novemba 2023 majaji wa rufaa wakasema hapana, dansi sio kuhesabu hatua moja moja, kuna mpangilio, kasi, mapigo, jinsi hatua zinavyofuatana, kesi irudi isikilizwe. Mwaka uliofuata wakamalizana wenyewe.

Kwahiyo machalii msirekodi sekunde nne mkaenda kulala. Rekodini dansi zima kuanzia mwanzo mpaka mwisho, andikeni nani katunga, tarehe iwepo, af nendeni COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya hapa kwetu, muulize usajili, kwa sababu sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 imetaja na kazi za kutunga madansi. Sheria hiyo hiyo inagusa na ngoma za asili, ile ya kuruka ya Wamasai ninavyoona mimi isichukuliwe hivi hivi na mtu aliyekaa ofisini ng'ambo, lakini ndo hivo, mengi yanachukuliwa.

Cha kuchekesha ni kwamba dansi zinatoka pia gemuni kuja nje. Antoine Griezmann fainali ya Kombe la Dunia 2018, kafunga penati dhidi ya Croatia, kashangilia na hiyo hiyo Take the L dunia nzima inaangalia. Madogo wa hapa walijua pale pale, wazee sebuleni wakabaki wanauliza huyu kapatwa na nini.

Kuna dada kila tukiwa lobi ananidansia, nikibadilisha emoti na yeye anabadilisha. Ananipenda? – Kiboriloni

Kwanza una uhakika ni dada? Mhusika wa kike anachaguliwa na yeyote, nawajua wababa wenye ndevu wanacheza na huyo mwenye suruali ya pinki.

Af kumbuka lobini watu wanaboeka, wanasubiri gemu ianze, na wengi hawana maiki au wako chumba kimoja na wazazi hawawezi kuongea, kwahiyo emoti ndo mdomo wao. Mtu akichuchumaa na kuinuka mara mbili mbele yako anakusalimia, akidansi kama wewe anasema tuko pamoja, sana sana anataka muingie skwadi moja. Mtumie ombi la urafiki, mcheze raundi kadhaa, uone kama akikuona umeanguka anakuja kukuinua au anakimbilia mzigo wako.